Saladi ya karoti, bitiruti na figili mbichi kwa wageni 40: naomba ushauri

MamaSakina (Arusha) ameuliza:

Habari zenu wanajukwaa. Naomba ushauri wa wenye uzoefu wa jikoni. Mwishoni mwa Desemba ukoo wa mume wangu utakutana nyumbani Marangu, kama ilivyo ada ya watu wa Kilimanjaro kurudi kwao wakati wa Krismasi, nami nimepewa jukumu la mboga mbichi. Tunatarajia wageni 40 hivi. Vyakula vingine vimeshapangwa: mbuzi wa kuchoma, ndizi nyama, pilau, pamoja na mtori kwa ajili ya wazee. Kwa kawaida pembeni huwekwa kachumbari ya nyanya na vitunguu, lakini nyanya zikishakatwa na kutiwa chumvi hazichukui muda kuogelea katika maji yake, na kwenye shughuli kama hii watu huanza kula saa saba mchana wakaendelea hadi jioni, kila kundi kwa wakati wake. Ndiyo maana nimefikiria saladi ya mizizi mibichi, yaani karoti, bitiruti na figili, ambazo ni ngumu na bila shaka zitastahimili zaidi.

Ningependa kujua mambo machache. Je, ni bora kukwaruza au kukata kwa kisu? Nifanye nini ili bitiruti isigeuze sinia zima kuwa jekundu? Figili zina ukali ambao watoto hawaupendi. Upo ukali unaoweza kuondolewa? Tena shemeji yangu amependekeza tuongeze muhogo mbichi, kwa hoja kwamba Dar es Salaam unauzwa mitaani pamoja na nazi na karanga na watu wanautafuna bila tatizo. Je, inafaa? La mwisho ni usalama: kule nyumbani maji mengi ni ya mfereji, na sitaki mtu arudi mjini akiwa anaumwa tumbo kwa sababu ya chakula nilichokiandaa mimi. Naweza kuandaa kila kitu usiku huku Arusha kisha nikasafiri nacho?

MpishiMoshi amejibu:

Dada yangu, wazo lako ni zuri, na kwa nyama ya mbuzi wa kuchoma saladi hii inakwenda vizuri kuliko kachumbari ya nyanya, kwa kuwa ina utamu wa asili unaokata mafuta ya nyama. Ila lazima uelewe jambo moja ambalo ndilo linaloamua kama saladi itakuwa nzuri au itakuwa dimbwi: mizizi nayo imejaa maji. Karoti ni maji kwa karibu asilimia 88. Ugumu wake ni wa kuta za chembe zilizoshikilia maji hayo, na kila unapokata unazipasua baadhi, kisha chumvi inavuta maji kutoka katika zile zilizobaki. Kwa hiyo namna unavyokata, na saa unayotia chumvi, vina uzito kuliko viungo vyote utakavyoweka.

Tuanze na karoti. Kikwaruzo cha matundu madogo kinazisaga zaidi ya kuzikata. Unapata uji mtamu unaofaa kwa keki, lakini kwa saladi inayosubiri wageni haufai. Tumia upande wa matundu makubwa, na uikwaruze karoti ikiwa imelala, si ikiwa imesimama, ili upate nyuzi ndefu badala ya vipande vifupi. Ukiwa na wasaidizi wenye visu vikali, bora zaidi ni kukata vipande virefu vyembamba, unene wa njiti ya kiberiti. Kazi hiyo ni ya kuchosha kwa watu 40, siifichi, lakini karoti iliyokatwa kwa kisu kikali hubaki na mlio wake kinywani kwa saa kadhaa, wakati iliyokwaruzwa hulegea mapema. Mimi kwa shughuli kubwa hukwaruza karoti na kuitunzia kisu bitiruti, kwa sababu bitiruti ndiyo inayolipa taabu hiyo.

Rangi ya bitiruti huyeyuka katika maji, wala haihitaji kuchemshwa ili itoke, kuipasua kunatosha. Ukiikwaruza, maji mekundu yatatoka hapo hapo. Ukiikata kwa kisu, yatatoka kidogo. Baada ya kuikata, isuuze haraka kwa maji safi yaliyopoa, ikaushe kwa kitambaa safi, kisha itie mafuta kwanza, kabla ya ndimu na kabla ya chumvi, uigeuzegeuze mpaka kila kipande kiwe na utando wa mafuta. Hatua hii haizuii rangi kabisa, ila inaichelewesha. Jambo la uhakika zaidi ni kutoichanganya na nyingine: panga sinia kwa mafungu, karoti upande mmoja, figili katikati, bitiruti upande mwingine, na kila mtu ajipakulie. Kwa macho pia inapendeza kuliko mchanganyiko ambao baada ya saa moja una rangi moja tu.

Wapo wanaolalamika kwamba bitiruti mbichi ina ladha ya udongo. Hawakosei. Ina kemikali iitwayo jiosmini, ambayo ndiyo ile ile tunayoinusa mvua inapogusa ardhi kavu. Asidi huipunguza, kwa hiyo fungu la bitiruti lipewe ndimu zaidi kuliko mafungu mengine, na ukipata machungwa mazuri, kamua moja au mawili humo. Chungwa na bitiruti vinapatana sana.

Figili hazina ukali zikiwa nzima. Ukali hutokea pale zinapokatwa, vitu viwili vilivyokuwa vimetengana ndani ya chembe vinapokutana, na sehemu kubwa ya ukali huo iko karibu na ganda. Kwa ajili ya watoto, zimenye, kata duara nyembamba sana, nyunyizia kijiko kimoja cha chai cha chumvi kwa kila kilo moja, acha robo saa, kisha zisuuze na uzikamue kwa mikono. Maji yatakayotoka yamebeba ukali mwingi. Watu wazima wanaokula pilau, kwa upande wao, wanauhitaji ukali huo. Unaweza kuacha nusu bila kuzikamua.

Kiasi: kwa watu 40, na vyakula vyote ulivyovitaja, kilo 3 za karoti, kilo moja na nusu ya bitiruti na kilo moja ya figili zitatosha. Kwa kila kilo ya mboga zilizokwishakatwa, weka vijiko 5 vya chakula vya mafuta ya alizeti, vijiko 3 vya maji ya ndimu, kijiko cha chai kimoja cha chumvi kisichojaa, na pilipili manga kidogo. Kwa figili zilizolala katika chumvi, onja kwanza. Majani ya giligilani na karanga za kukaanga zilizopondwa nusu nusu viwekwe dakika ya mwisho kabisa, maana karanga zikikaa kwenye ndimu hupoteza uhai.

Usikoleze chochote huku Arusha. Safari ya Marangu ni zaidi ya kilomita 100, na kwa foleni za Desemba usitegemee kufika kwa wakati. Kata usiku, kausha, funga kila mboga katika chombo chake chenye mfuniko, weka kwenye friji, kisha safiri nazo ndani ya deli lenye barafu. Chumvi na ndimu ziingie nusu saa kabla ya kupakua, tena kwa sinia moja moja. Sinia la kundi la jioni likolezwe jioni.

AfisaAfyaMstaafu (Usa River) amejibu:

Nimefurahi kwamba mwuliza swali amefikiria usalama kabla ya ladha, kwa sababu chakula kibichi hakina moto wa kusahihisha uzembe wetu. Naomba nieleze kwa kirefu kidogo.

Mboga za mizizi zina hatari moja na faida moja. Hatari ni kwamba zimeishi ndani ya udongo, na udongo wetu unaweza kuwa na mayai ya minyoo pamoja na vijidudu vinavyotoka katika vinyesi vya watu na wanyama. Faida ni kwamba, tofauti na majani ya saladi, zinamenywa. Watu wengi hupoteza faida hiyo kwa kumenya kwanza na kuosha baadaye: kisu kinapita juu ya ganda chafu, kinaingia ndani, na kinaubeba uchafu mpaka kwenye sehemu ya kuliwa. Utaratibu sahihi ni kusugua udongo kwa brashi chini ya maji yanayotiririka, kunawa mikono kwa sabuni na kuosha kisu, kumenya, kisha kusuuza kwa maji yaliyochemshwa na kupozwa. Msidanganywe na karoti zinazong'aa sokoni. Zimeoshwa, lakini mara nyingi kwa maji ya mto au ya mfereji, na maji hayo hayo ndiyo mliyokuwa mkiyaogopa.

Kuhusu maji yenyewe, yaache yatokote kwa dakika 1 kamili. Katika maeneo yaliyo juu ya mita 2,000 kutoka usawa wa bahari inashauriwa dakika 3, kwa kuwa huko maji huchemka kwa joto la chini zaidi. Arusha iko kwenye mita 1,400 hivi, na makazi mengi ya Marangu hayafiki mita 2,000, ila ukichemsha kwa dakika 3 hupotezi kitu zaidi ya kuni kidogo. Kama utatumia dawa ya klorini ya kutibu maji, fuata kipimo kilichoandikwa na usubiri nusu saa kabla ya kuyatumia. Kuloweka mboga katika siki au maji ya chumvi hupunguza baadhi ya vijidudu, lakini hakuwezi kutegemewa kuua mayai ya minyoo. Hayo huondolewa kwa kusugua na kumenya.

Nitaje na tegu la nguruwe, kwa sababu katika mikoa yetu kitimoto hupendwa na elimu juu ya mdudu huyu bado haijaenea ipasavyo. Watu wanadhani hatari iko kwenye nyama isiyoiva peke yake. Nyama isiyoiva humpa mtu mnyoo wa tumboni. Lakini mayai ya mnyoo huyo, yanayotoka katika kinyesi cha mtu mwenye tegu na kufika shambani au kwenye maji, yakiliwa pamoja na mboga mbichi yanaweza kuzalisha viluwiluwi vinavyosafiri hadi kwenye ubongo na kusababisha kifafa. Kwa hiyo hata asiyegusa nguruwe maishani mwake anaweza kuupata ugonjwa huo kwa karoti isiyooshwa.

Kwa hilo la muhogo, namwomba shemeji yako anivumilie, lakini jibu ni hapana. Muhogo una vitu ambavyo, unapotafunwa au kukwaruzwa, hutoa sayanidi. Aina tamu zina kiasi kidogo, na ndiyo maana wanaoutafuna na nazi mitaani mara nyingi hawadhuriki. Aina chungu zina kiasi kikubwa. Na kwa kuutazama tu huwezi kujua umeshika upi. Mtoto wa kilo 15 hana uwezo wa kustahimili anachostahimili mtu mzima. Muhogo tuumenye na kuupika. Magimbi nayo, ambayo kule Marangu hayakosekani, yasiliwe mabichi kamwe: yana fuwele zenye umbo la sindano zinazochoma ulimi na koo mpaka yapikwe yakaiva. Viazi mviringo hivyo hivyo, hasa vilivyogeuka kijani kwa kupigwa jua. Kiazi kitamu kibichi hakina sumu ya kuogopwa, ila wanga wake mbichi ni mzito tumboni na ladha yake haina la kujivunia. Karoti, bitiruti na figili zinatosha.

MkulimaSiha amejibu:

Mimi nitachangia kwenye ununuzi tu, maana wenzangu wameyamaliza ya jikoni. Karoti ya kuliwa mbichi chagua aina ya Nantes: ndefu kiasi, unene wake ni ule ule toka juu mpaka chini, ncha yake ni butu na kiini chake ni chembamba. Chantenay, ile fupi yenye mabega mapana inayochongoka chini, nayo ni nzuri ikiwa changa, lakini ikikomaa kupita kiasi kiini chake huwa kikubwa na kigumu, bora ukaipeleka kwenye mchuzi. Ivunje moja mbele ya muuzaji. Ikipasuka kwa mlio na kutoa unyevu, nunua. Ikipinda kabla ya kuvunjika, imekaa siku nyingi. Mabega ya kijani yanaonyesha karoti ilikuwa imechungulia nje ya udongo ikapigwa jua; yakatwe, yana uchungu. Bitiruti chukua zenye kipenyo cha sentimita 5 hadi 7, kwani kubwa zaidi ya hapo huwa na nyuzi. Soko la Kilombero hapo Arusha utazipata siku yoyote. Tengeru nenda Jumatano au Jumamosi, siku za gulio.

Na hili ni muhimu kwa sababu unakwenda kwenye nyumba yenye migomba: usihifadhi karoti pamoja na ndizi zinazoiva wala maparachichi. Matunda hayo hutoa gesi ya ethilini, na karoti ikikaa nayo kwa siku chache hutengeneza uchungu ambao hakuna ndimu wala asali itakayouficha. Watu wengi hulaumu mbegu au shamba, wakati tatizo lilitokea stoo. Ukishanunua, kata majani siku hiyo hiyo, kwa sababu yakibaki yanaendelea kunyonya maji ya mzizi. Majani ya bitiruti usiyatupe. Ni mboga nzuri ya kukaangwa na kitunguu.

MamaSakina ameandika:

Nawashukuru sana, na shikamoo kwako Mzee wetu wa Usa River. Suala la muhogo nimeshamweleza shemeji na amelikubali. Yamebaki mawili. Mama mkwe anapenda saladi yenye mayonesi na angetamani nayo iwe hivyo. Pia baba mkwe ana shinikizo la damu na anatumia dawa, na mmoja wa mashemeji aliwahi kutibiwa mawe ya figo. Je, kuna mboga kati ya hizi ambayo wasile?

JikoNjiro amejibu:

Naomba nitofautiane kidogo na mpishi wa Moshi, ambaye hakuitaja mayonesi kabisa. Wazee wengi wanaipenda saladi laini, na karoti kavu yenye ndimu wanaiacha sahanini. Ukichanganya mayonesi na maziwa mgando mazito, nusu kwa nusu, ukaongeza kitunguu swaumu kimoja kilichopondwa na ndimu, unapata kikolezo chepesi ambacho hakifuniki ladha. Weka pembeni kwenye bakuli na kijiko chake, mama mkwe ajiwekee mwenyewe. Ila iwe mayonesi ya dukani, ambayo imetiwa siki ya kutosha. Ile ya kutengeneza nyumbani ina mayai mabichi, na kwa shughuli ya mchana kutwa sitamshauri mtu aitumie.

MpishiMoshi amejibu:

Kwa bakuli la pembeni nakubaliana nawe kabisa. Nilichokuwa nakiogopa ni kuichanganya kwenye sinia, ambako maji ya karoti yangeikatisha na kuiacha imeelea. Bakuli hilo likae juu ya barafu, na kilichotolewa nje kisizidi saa 2. Niongeze tu kwamba mafuta, yawe ya alizeti au ya mayonesi, hayapo kwa ladha peke yake: karotini ya kwenye karoti, ambayo mwili huigeuza kuwa vitamini A, huyeyuka katika mafuta, na asiyeyatumia kabisa huambulia kidogo.

AfisaAfyaMstaafu (Usa River) amejibu:

Marahaba, mwanangu. Baba mkwe anaweza kula zote tatu. Bitiruti ina naitreti, ambazo mwili huzitumia kutanua mishipa ya damu, na zimeonekana kushusha shinikizo kwa kiasi kidogo. Hilo halimruhusu kuacha wala kupunguza dawa zake. Kwake yeye adui ni chumvi, kwa hiyo mtengee sahani yake kabla hamjakoleza, na mtie ndimu na giligilani kwa wingi. Kama daktari amemwambia ana tatizo la figo pia, aulize kwanza, kwa kuwa mboga hizi zina potasiamu.

Aliyetibiwa mawe ya figo aiache bitiruti. Ina okisaleti nyingi, na okisaleti ikiungana na kalisi ndiyo aina ya mawe inayowapata watu wengi zaidi. Karoti na figili ale. Hapa ndipo ushauri wa kupanga mafungu bila kuchanganya unapokusaidia mara ya pili.

Jambo moja la kuwatangazia wageni, hasa wazee na wazazi wenye watoto wadogo: baada ya kula bitiruti baadhi ya watu hukojoa mkojo wa rangi ya waridi au nyekundu, na choo pia hubadilika. Si damu, na kwa kawaida huisha ndani ya siku moja au mbili. Mwenye mkojo mwekundu na hakula bitiruti, huyo aende hospitali.

MpishiMoshi ameongeza:

Nilisahau mabaki. Saladi iliyokwishatiwa chumvi na ndimu na kukaa mezani mchana kutwa msiilaze. Ila karoti mlizozikata na ambazo hazijakolezwa, kama zilibaki kwenye barafu, ziingie katika pilau au mchuzi wa kesho yake, na bitiruti zipikwe na majani yake ambayo mkulima wa Siha amewaambia msiyatupe.